Sifa Iliyogeuka Kejeli: Ushairi wa Kiingereza kutoka Dryden hadi Pope

Mwaka 1659, miezi michache baada ya kifo cha Oliver Cromwell, John Dryden alichapisha beti za kumwomboleza kiongozi huyo aliyeitawala Uingereza pasipo mfalme. Mwaka uliofuata Charles wa Pili alirejea kutoka uhamishoni kukikalia kiti cha baba yake, na Dryden yuleyule akamtungia shairi refu la kumlaki, akilihitimisha kwa kuufananisha utawala mpya na enzi ya Kaisari Augusto wa Roma. Mwaka 1737 Alexander Pope naye alimwandikia mfalme wake kana kwamba anamwandikia Augusto. Safari hii aliyekuwa akihutubiwa ni George wa Pili, mtu asiyejali mashairi, na kila sifa aliyomwagiwa ilibeba kinyume chake ndani yake: anasifiwa kwa kuzifungua bahari zote wakati wafanyabiashara wa London walikuwa wakilalamika kwamba meli zao zinakamatwa na Wahispania, na anasifiwa kwa kuitetea nchi yake huko ng'ambo, ilhali kila mtu alijua kwamba mfalme alikuwa amekawia Hannover, Ujerumani, kwa ajili ya kimada.

Kati ya mashairi hayo mawili ndimo ulimo ushairi ambao wanafunzi wengi wa fasihi ya Kiingereza huukwepa kila wanapoweza. Huonekana mkavu, wenye kanuni nyingi, uliojaa majina ya watu waliokwisha kusahauliwa hata kwao. Malalamiko hayo yana ukweli, lakini yanaishia juu juu. Chini ya mishororo iliyonyooka kama rula mna hofu ya vita, chuki za kisiasa, ugomvi wa fedha na kejeli kali mno, na umbo lenyewe la mashairi hayo ndilo lililozifanya hasira hizo zisemeke.

Tuanze na majina ya vipindi, maana hapo ndipo mkanganyiko unapoanzia. Kipindi cha Urejesho kimepewa jina la tukio la kisiasa, yaani kurejea kwa ufalme mwaka 1660, na kwa kawaida huhesabiwa hadi kifo cha Dryden mwaka 1700. Kipindi cha Augusto, ambacho huishia katika vifo vya Pope mwaka 1744 na Jonathan Swift mwaka 1745, kimepewa jina la ndoto. Waandishi wa Uingereza walisoma kwamba Roma, baada ya kuchoshwa na vita vya wenyewe kwa wenyewe, ilipata amani chini ya Augusto, na katika amani hiyo wakachipuka washairi Virgil, Horace na Ovid. Wao pia walikuwa wametoka vitani, kwa hiyo wakatarajia mavuno kama hayo. Hata hivyo Augusto ndiye aliyeizika jamhuri ya Roma, na ndiye aliyempeleka Ovid uhamishoni. Pope alilijua hilo vizuri, na jina lililokuwa heshima mwaka 1660 lilikuwa limekwisha kuwa na ncha mbili alipolitumia yeye.

Vita vyenyewe havikuwa jambo dogo. Vilianza mwaka 1642, na Januari 1649 Mfalme Charles wa Kwanza alikatwa kichwa hadharani jijini London. Majumba ya tamthilia yalifungwa kwa miaka 18. Waliovuka kipindi hicho walibaki na woga wa kudumu dhidi ya mtu yeyote anayedai kwamba Mungu amesema naye faraghani na kumtuma abomoe kilichopo. Woga huo uliingia hadi katika lugha. Jumuiya ya wanasayansi iliyoundwa London mwaka 1660, ambayo Dryden alichaguliwa kuwa mwanachama wake miaka miwili baadaye, ilitaka watu waandike kwa maneno machache, yaliyo wazi, yasiyopambwa kupita kiasi. Tamathali za mbali na mafumbo yaliyopendwa na kizazi cha John Donne, mshairi wa mwanzo wa karne hiyo, yalianza kuonekana kama ugonjwa wa wakati uliopita.

Kielelezo ambacho washairi wa Urejesho walikishika kilitoka katika shairi la John Denham kuhusu kilima kimoja kilichopo karibu na mto Thames. Mshairi anautazama mto na kutamani mtindo wake uwe kama maji yale: yenye kina lakini maangavu, mapole lakini yasiyodorora, yenye nguvu bila ghadhabu, yaliyojaa bila kufurika. Ukiyasoma maneno hayo ukikumbuka kwamba yaliongezwa katika toleo la mwaka 1655, baada ya vita, unatambua kwamba Denham hakuwa akizungumzia mtindo peke yake. Mto uliojaa bila kufurika ni pia mfalme mwenye nguvu asiyewakandamiza raia, na ni raia walio huru wasioivunja nchi. Kwa kizazi hicho adabu ya sentensi na adabu ya dola zilikuwa jambo moja.

Umbo lililobeba adabu hiyo ni tathnia, yaani ubeti wa mishororo miwili, ambayo kwa Kiingereza ilipewa sifa ya kuwa ya kishujaa kwa sababu ilitumika katika tamthilia za mashujaa na katika kufasiri tendi za kale. Msomaji wa ushairi wa Kiswahili anaweza kuielewa upesi akizingatia tofauti chache. Tarbia yetu ya kawaida ina mizani 16 katika kila mshororo, iliyogawanyika nane kwa nane, na vina vya kati na vya mwisho. Tathnia ya Dryden na Pope ina silabi 10 kwa mshororo, na kina cha mwisho tu, ambacho hubadilika kila baada ya mishororo miwili. Kuhesabu silabi pekee hakutoshi, kwa kuwa mkazo katika Kiingereza hauna mahali maalumu ndani ya neno. Kwa hiyo mshairi hupanga silabi hafifu ikifuatiwa na nzito, mara tano. Kisha kuna pumziko katikati ya mshororo, ambalo fundi mzuri hulisogeza mbele au nyuma kidogo ili sikio lisichoke. Mwisho wa mshororo wa pili maana huwa imekamilika na mlango unafungwa.

Matokeo yake ni kwamba kila tathnia ina sehemu nne zinazotazamana: nusu dhidi ya nusu katika mshororo, na mshororo dhidi ya mshororo. Umbo la namna hiyo linamwalika mshairi apambanishe mambo, na linamwalika msomaji apime. Ukitaka kusifu, unaweka fadhila mbili bega kwa bega. Ukitaka kudhihaki, unaweka jambo kubwa upande mmoja na upuuzi upande wa pili, kwa uzito uleule wa silabi, halafu unanyamaza. Hapo ndipo sifa na kejeli zilipoweza kutumia chombo kimoja bila kubadilisha hata msumari.

Sijamtaja John Milton, na kuna sababu. *Paradise Lost* ilichapishwa mwaka 1667, katikati ya Urejesho, lakini mtunzi wake alikuwa mtumishi wa Cromwell aliyeshindwa, kipofu, na shairi lake halina vina kabisa. Milton aliviita vina utumwa wa siku hizi. Ndiye mshairi mkubwa kuliko wote walioishi chini ya Charles wa Pili, na hatoshei katika maelezo yoyote ya kipindi hicho, haya yangu yakiwemo. Dryden alimstahi sana, kisha akaligeuza shairi hilo kuwa tamthilia ya kuimbwa yenye vina. Sina la kuongeza juu ya uamuzi huo.

Ushairi wa Urejesho ulikuwa na hatari zake. Kazi nyingi za kejeli, hasa za Rochester, mtu wa karibu wa mfalme aliyefariki mwaka 1680 akiwa na umri wa miaka 33, zilipita mkono kwa mkono zikiwa zimenakiliwa kwa kalamu, kwa sababu uchapishaji ulidhibitiwa kwa leseni hadi mwaka 1695 na kwa sababu zilikuwa chafu kuliko ambavyo mchapaji angethubutu. Katika mojawapo anasema kwamba angalichagua kuwa mbwa, nyani au dubu kuliko kuwa yule mnyama mwenye majivuno anayejisifia akili zake. Dryden mwenyewe alivamiwa usiku wa Desemba 1679 katika kichochoro cha Rose Alley, London, akapigwa marungu. Aliyewatuma wahuni hao hakuthibitika kamwe. Iliyodhaniwa kuwa sababu ni shairi la kejeli lililosambazwa bila jina, ambalo yaelekea hata halikuwa lake.

Miaka miwili baadaye aliandika kazi yake kubwa ya kisiasa, na hapo tunaona vizuri jinsi tathnia ilivyofanya kazi. Charles wa Pili hakuwa na mtoto wa ndoa, ingawa wa nje ya ndoa walikuwa wengi. Mrithi wake alikuwa mdogo wake James, Mkatoliki, katika nchi ambayo tangu mwaka 1678 ilikuwa imepagawa kwa uzushi wa Titus Oates kwamba Wakatoliki wamepanga kumuua mfalme. Earl wa Shaftesbury aliongoza kundi bungeni lililotaka James azuiliwe kurithi, na wengi katika kundi hilo wakamtazamia Duke wa Monmouth, mwana wa mfalme aliyezaliwa nje ya ndoa, Mprotestanti mwenye sura nzuri na umaarufu. Novemba 1681, siku chache kabla ya shauri la uhaini dhidi ya Shaftesbury kupelekwa mbele ya baraza la mahakama, likatoka shairi lisilo na jina la mtunzi, *Absalom and Achitophel*.

Kila msomaji wa Biblia alikijua kisa hicho kutoka Kitabu cha Pili cha Samweli: Absalomu anamwasi baba yake Daudi kwa ushauri wa Ahithofeli. Monmouth akawa Absalomu, Shaftesbury akawa Ahithofeli, London ikawa Yerusalemu. Faida ya vazi hilo haikuwa kujificha, kwani hakuna aliyedanganyika. Faida yake ilikuwa kuhamisha hukumu. Aibu kubwa ya upande wa mfalme ilikuwa wanawake wake na watoto wao, na Dryden anaimaliza katika mishororo ya kwanza kabisa kwa kuturudisha kwenye zama za ucha Mungu, kabla mitala haijafanywa dhambi, ambapo Daudi, kwa amri ya mbingu, aliusambaza mfano wa Muumba wake kote nchini. Mfalme anatetewa na anachekwa kwa pumzi moja. Mtetezi asiyekuwa na kipaji angalikana kosa. Huyu alilikuza hadi likageuka baraka.

Picha ya Duke wa Buckingham, aliyepewa jina la Zimri, ndiyo Dryden aliyojivunia zaidi, na nakubaliana naye. Anamwonyesha mtu wa mambo mengi kiasi kwamba alionekana si mtu mmoja bali muhtasari wa wanadamu wote. Kila jambo alilirukia, hakuna alilodumu nalo. Na katika mwandamo mmoja wa mwezi alikuwa mkemia, mpiga fidla, mwanasiasa na mchekeshaji wa watu. Orodha hiyo inasomwa kwa utulivu mkubwa, na cheo cha mwanasiasa kimewekwa kati ya fidla na vichekesho kana kwamba hapo ndipo mahali pake. Hakuna tusi hata moja. Mwaka 1693 Dryden alieleza ufundi huo kwa kusema kwamba kuna tofauti kubwa kati ya kumcharanga mtu ovyo na pigo jembamba linalokitenga kichwa na mwili na kukiacha kikiwa kimesimama mahali pake.

Siasa zilimgeuka yeye pia. Alipokea Ukatoliki wakati wa James, na mfalme huyo alipopinduliwa mwaka 1688, Dryden akapoteza cheo cha mshairi wa mfalme, ambacho alipewa Thomas Shadwell, mtu ambaye yeye mwenyewe alikuwa amekwisha kumfanya kichekesho cha London nzima. Mwaka huohuo wa 1688 alizaliwa Alexander Pope, naye katika familia ya Kikatoliki. Sheria zilimzuia kusoma chuo kikuu au kushika wadhifa wa umma. Kifua kikuu cha mifupa kilimpinda mgongo angali mdogo, na hakuwahi kuzidi urefu wa mita 1.4. Maadui zake walimwita chura na nyani kwa maandishi. Anayesema kwamba ushairi wa Pope ni wa mtu aliyestarehe katika mpango wa dunia, asome kwanza maisha hayo.

*The Rape of the Lock* ilitokana na ugomvi wa kweli. Lord Petre alikata kishungi cha nywele za Arabella Fermor bila idhini, familia mbili za Kikatoliki zikanuniana, na rafiki wa pande zote, John Caryll, akamwomba Pope atunge kitu cha kuwachekesha wapatane. Shairi lilitoka mwaka 1712 likiwa na sehemu mbili, na mwaka 1714 likapanuliwa hadi sehemu tano. Mbinu yake ni kuchukua mitambo yote ya utendi wa Homer na Virgil na kuifanyisha kazi katika sebule. Shujaa anavaa silaha zake: Belinda, jina alilopewa Arabella shairini, anajipaka poda mbele ya kioo, na juu ya meza yake vimepangwa vipuli vya poda, vibandiko vya uso, Biblia na barua za mapenzi, vyote kwa hadhi moja. Vita ni mchezo wa karata. Miungu ni vipepo vya hewa vinavyolinda sketi yake, na mkuu wao anaonya kwamba leo kuna balaa, isipokuwa haijulikani kama binti atachafua heshima yake au gauni lake jipya la hariri. Kitenzi ni kimoja, nacho kimetumikishwa kwa mambo mawili yasiyolingana. Ufundi huohuo unaonekana pale Malkia Anne anapotajwa katika jumba la Hampton Court:

Here thou, great Anna! whom three realms obey,
Dost sometimes counsel take—and sometimes tea.

Yaani hapo ndipo Anna mkuu, mtiiwa wa falme tatu, mara hupokea ushauri wa nchi, na mara chai. Matamshi ya siku zile yalizifanya silabi hizo mbili za mwisho ziwe na kina kamili, kwa hiyo chai ilidondoka pale ambapo sikio lilitarajia kitu cha kifalme.

Katika shairi hilohilo la kuchekesha, Pope anataja saa ya alasiri inapokaribia: mahakimu wenye njaa wanatia saini hukumu haraka, na maskini wananyongwa ili wazee wa baraza wapate kwenda kula. Ni tathnia mbili tu, kisha tunarudi kwenye karata. Hazikurefushwa na hazikuelezwa. Nadhani ndiyo mishororo mikali kuliko yote aliyopata kuandika, na ukali wake unatokana na jinsi ilivyopachikwa ndani ya mchezo.

Pope pia alibadilisha uchumi wa kazi hii. Mshairi wa Urejesho alimtegemea mfalme, lodi au jukwaa. Pope aliifasiri *Iliad* ya Homer katika majuzuu sita, kati ya 1715 na 1720, akiwauzia wasomaji waliojiandikisha na kulipia mapema, na alipata kiasi cha pauni 5,000, fedha nyingi mno kwa wakati ule. Kwa fedha hizo aliishi Twickenham kando ya Thames, akijisifu kwamba, kwa hisani ya Homer, hadaiwi na mwana wa mfalme wala lodi yeyote aliye hai. Wasiofanikiwa hivyo aliwachoma katika *The Dunciad*, iliyoanza kutoka mwaka 1728, ambamo waandishi wa kukodiwa wanashindana kupiga mbizi katika matope. Hapo ucheshi wake unanichosha. Kumcheka mtu kwa sababu anaandika ili ale ni rahisi ukiwa umekwisha kushiba.

Kuna upofu mwingine ambao msomaji wa Afrika hawezi kuuruka. *Windsor-Forest*, ya mwaka 1713, inashangilia Amani ya Utrecht, mkataba uliomaliza vita vya kugombea urithi wa kiti cha Hispania, na kuomba itawale pwani hadi pwani, mpaka ushindi wa kivita ukome na utumwa usiwepo tena. Mkataba uleule uliipa Uingereza haki ya kupeleka Waafrika 4,800 kila mwaka, kwa miaka 30, kuuzwa katika makoloni ya Hispania. Kazi hiyo ilikabidhiwa kampuni ya South Sea, ambayo Pope alikuja kununua hisa zake. Tathnia iliyozoea kuyapima mambo mawili, hapa ilipima upande mmoja tu.

Swift, rafiki yake, aliutumia ufundi uleule kwa kuushusha barabarani. Shairi lake la mwaka 1710 kuhusu mvua ya London linamalizika kwa mafuriko yanayosomba mavi, matumbo, damu, watoto wa mbwa waliozama, dagaa walionuka na paka waliokufa. Mishororo mitatu ya mwisho ina kina kimoja, nayo inadhihaki mazoea ya Dryden ya kuongeza mshororo wa tatu pale alipotaka kunguruma.

Jambo ambalo vitabu vya shule huliacha ni kwamba umbo hili halikubaki kwa mabwana. Mwaka 1730 Stephen Duck, kibarua wa shambani, alitoa shairi juu ya taabu ya kupura nafaka, na Malkia Caroline akamfadhili. Ndani yake aliwakejeli wanawake wanaokusanya nyasi kwa kupiga soga. Mary Collier, mfua nguo wa Petersfield, alimjibu mwaka 1739 kwa tathnia vilevile. Wapenzi wa malumbano ya kishairi watamfurahia: anamkumbusha Duck kwamba mwanamume akirudi hulala, ilhali mwanamke hurudi kupika na kulea, kisha huamka usiku kwenda kufua katika nyumba za wenye mali, mpaka damu imtoke vidoleni pamoja na jasho, kwa ujira wa peni sita au nane. Hakupata malkia wa kumfadhili.

Kufikia wakati huo mkondo ulikuwa umeanza kugeuka. James Thomson alikuwa amepata wasomaji wengi kwa shairi lisilo na vina kuhusu majira ya mwaka, lililokamilika 1730. Samuel Johnson alitoa tathnia kuu za mwisho mwaka 1749, katika shairi juu ya ubatili wa matamanio ya wanadamu. Ndani yake aliorodhesha mapigo ya maisha ya mwanazuoni kuwa ni taabu, husuda, ufukara, chumba cha darini na jela, na mwaka 1755, baada ya kukosana na Lord Chesterfield, aliyetarajiwa kumfadhili, akakiondoa chumba cha darini na kumweka mfadhili mahali pake. Kizazi cha Wordsworth, yaani cha washairi Waromantiki, kiliuona ushairi huu kuwa wa bandia, na mwaka 1880 mhakiki Matthew Arnold akaamua kwamba Dryden na Pope ni magwiji wa nathari ya Kiingereza, si wa ushairi wake. Hukumu hiyo ndiyo iliyorithiwa na madarasa mengi, na inategemea imani kwamba ushairi hauna budi kutoka moyoni mwa mtu aliye peke yake, jambo ambalo Dryden asingelielewa. Byron, aliyeishi katikati ya Waromantiki hao, hakuikubali kamwe imani hiyo. Katika *Don Juan*, mwaka 1819, aliziandika upya amri za Mungu, na ya kwanza ilikuwa kumwamini Milton, Dryden na Pope, na kutomsimamisha Wordsworth.